Kitabu Tulichokikata Vipande Saba

Sisi tulikuwa tukikata vitabu. Najua kuna mtu ameshashika kifua, lakini wacha nieleze kwanza. Nilipokuja Doha kulinda, kampuni yetu ilikuwa na sheria kwamba mlinzi haendi lindoni na begi, wala simu, wala kitabu. Ukikutwa unasoma mapokezini, supavaiza anakuandikia onyo, na onyo la tatu linakurudisha kwenu. Ila hakuna sheria iliyokataza karatasi zilizokunjwa mfukoni, maana karatasi tulibeba kila siku: orodha ya wapangaji, ratiba ya zamu, fomu za mafundi wa lifti. Basi kitabu kikiingia chumbani kwetu Al Mansoura, kilipasuliwa mgongo kwa wembe, kikagawanywa, kila kipande kikashonwa kwa uzi wa yunifomu na kuvishwa jalada la kalenda ya mwaka uliopita. Kila mtu aliweka kipande chake kwenye mfuko wa ndani wa koti, na tukikutana kwenye basi la kampuni tunabadilishana.

Tulisoma vingi hivyo. Riwaya za mapenzi, vitabu vya maombi, kimoja cha kufuga kuku ambacho hata walokole walikigombania. Shida ilikuwa mpangilio. Kuna hadithi moja ya upelelezi ambayo nilimjua muuaji wiki mbili kabla sijajua nani ameuawa.

Chumbani tulikuwa sita, Wakenya wanne na Waganda wawili, vitanda vya kupandana. Fundi wa wembe alikuwa Mganda aliyelala chini yangu. Kabla ya Doha alikuwa akishona viatu Kampala, na mkono wake haukutetemeka. Alikuwa mkubwa wetu kwa umri, lakini hata akikugombeza alikuita nyabo, kama wanawake wa kwao wanavyoitana kwa heshima. Ukisikia, "Nyabo, sufuria hii imelala chafu," jua umetukanwa vizuri. AC yetu ilidondosha maji kwenye ndoo, na maji hayo ndiyo tuliyopigia deki. Leo naishi kwingine, nina chumba changu peke yangu chenye AC isiyodondosha kitu, na haki ya Mungu kuna siku natamani kelele za ile ndoo. Wale wanawake nimewamiss.

Lindo langu lilikuwa jengo la makazi West Bay. Saa kumi na mbili asubuhi mpaka kumi na mbili jioni, unasimama, unatabasamu, unafungua mlango. Mimi kutabasamu sikujaliwa. Mama yangu alisema nilizaliwa nimekunja uso, nikaukunjua siku ya ubatizo tu. Wapangaji walinipita kama nami ni sehemu ya meza, na mimi nikawapita vilevile moyoni.

Isipokuwa mmoja. Ghorofa ya kumi na tisa alikaa mama mzee, Mwamerika mweusi, aliyekuwa amekuja kuishi na bintiye mwalimu wa chuo. Chumbani tulimwita shosho, maana alikuwa na umri wa bibi zetu, na mwendo wao pia: polepole, lakini usithubutu kumpita. Kila asubuhi aliteremka akatembee kabla jua halijawa kali, na akirudi alisimama mbele ya meza yangu kupumzisha goti. Siku ya kwanza nilimwambia, "Good morning, madam." Akauliza madam ni nani. Kwao, alisema, enzi za ujana wake, walikuwa wakiitana dada na kaka, hata mtu waliyekutana naye dakika hiyohiyo. Nikamwambia nikimwita dada mtu wa umri wake, mama yangu atasikia kutoka Kitale na ataninyima baraka. Alicheka akashika meza. Tukakubaliana nimwite mama.

Basi asubuhi kwa asubuhi, dakika tano tano, akanisimulia. Alikuwa mwanamapinduzi. Alilisema hivyo tu, kama mtu anayesema aliwahi kuwa karani. Akiwa msichana wa miaka kumi na saba aliingia chama cha vijana weusi wa mji wao, waliokataa kupigwa na polisi kila wiki halafu kuombwa wavumilie. Waliuza gazeti lao kwenye kona za barabara. Walifungua zahanati. Alfajiri walipika uji na mayai kwenye ukumbi wa kanisa ili watoto wa mtaa wasiende shule na njaa. Serikali ikawaogopa, alisema, na sijui iliogopa nini zaidi, bunduki au uji. Aliyewasha majiko kila alfajiri alikuwa kaka yake. Akakamatwa, akafungwa, akafia gerezani kabla ya kufika miaka thelathini.

Siku moja aliteremka na kitabu kwenye mfuko wa plastiki. Kilikuwa kumbukumbu za mwanamke mwenzake wa chama, kilichochapishwa na kiwanda kidogo cha mtaani kwao ambacho kilikuwa kimeshafungwa zamani. Hutakipata dukani, alisema, wala kwenye simu. Nakala ile ilikuwa ya mama yake mzazi, marehemu, aliyeitunza pamoja na vyeti vya kuzaliwa. Akanionyesha ukurasa mmoja katikati. Kaka yake alitajwa mle, aya mbili, na jina lake lilipigiwa mstari kwa penseli nyekundu na mama yao. Zaidi ya karatasi za mahakama, hakuna pengine popote jina lile lilipochapishwa. "Soma," akaniambia, "halafu uniletee tuzungumze." Alikuwa na miezi mingi bado Doha, hakuwa na haraka.

Nilikificha ndani ya koti mpaka nyumbani. Nikaingia chumbani kifua mbele. Wakauliza, umekitoa wapi?

"Shosho amenipa," nikasema.

Amenipa. Neno moja, na lilikuwa uongo. Ningeweza kusema ameniazima, mbona ni rahisi. Lakini miaka yote niliyokuwa nimesimama kwenye ule mlango, watu wa majengo yale walikuwa wamenipa mabaki ya biryani na viatu visivyonitosha. Nilitaka mara moja tu nionekane nimepewa kitu cha maana. Nikalala, kesho yake nikaenda zamu, nikakiacha kitandani.

Niliporudi, kitabu kilikuwa vipande saba juu ya blanketi langu, vimepangwa vizuri, majalada ya kalenda yenye picha za farasi. Mganda wangu alikuwa kwenye siku ya mapumziko, na alikuwa ameitumia yote kwa kazi hiyo. Alikuwa akinitazama kwa furaha. "Nyabo, hiki nimekishona kuliko vyote. Nimeona ni cha heshima."

Ningemwambia nini? Yeye alikuwa amefanya vilevile tulivyofanya kila kitabu chetu. Nikasema asante. Nikajidanganya kwamba muda upo, kikishasomwa nitakishona tena na gundi juu, na shosho hatagundua; kila alipouliza nimefika wapi, nilimjibu nasoma polepole. Njia ya mwongo ni fupi, lakini ukiwa unaianza unaiona barabara kuu.

Na wacha nikiri, miezi ile ndiyo ninayoikumbuka kwa raha kuliko yote niliyoishi Doha. Kitabu kile kilituingia. Ijumaa, wale tuliokuwa na mapumziko tulikaa sakafuni na chai ya karak, nami nikasoma kwa sauti nikitafsiri, kwa sababu wawili wetu Kiingereza chao kilikuwa cha salamu na maelekezo ya lifti. Kipande cha tatu kilieleza jinsi wanachama walivyolinda ofisi yao usiku na mchana wakihofia kuvamiwa. Hapo ndipo walinzi ndani yetu walipoamka. "Mlango mmoja watu wanne, na hakuna anayeandika matukio kwenye OB?" "Zamu ya saa kumi na nane? Hao watalala tu." "Na dirisha la nyuma nani analiangalia?" Polisi walipovunja lile dirisha la nyuma kwenye ukurasa uliofuata, mwenzetu aliyeuliza aliweka kikombe chini akasema yeye alishawaambia. Alikuwa analia.

Tuligombana pia. Mlokole wetu alisema bunduki ni dhambi, hata iwe ya mnyonge. Mwingine akamjibu kwamba yeye mwenyewe analinda kwa filimbi, na mwizi mwenye bunduki akija, atapiga filimbi mpaka afike mbinguni. Mwandishi alipolalamika kwamba kina kaka walihutubia na kina dada wakaachiwa masufuria na taipu, Mganda wa wembe alitikisa kichwa. "Kumbe hata mapinduzi yanapikiwa," akasema. Tulicheka mpaka jirani akagonga ukuta.

Lakini walichoniomba nirudie ni ule ukurasa wa kaka wa shosho. Kwa sababu walimjua dada yake, wengine walishamfungulia mlango. Niliusoma Ijumaa baada ya Ijumaa. Waliuliza, alikuwa mtu wa namna gani? Kitabu hakikusema sana. Kilisema alifika kabla ya wote, akawasha majiko, hakupenda kushukuriwa. Basi nikaanza kutia chumvi kidogo hapa na pale, kama msimulizi yeyote. Ikafika mahali sikuhitaji kushika karatasi.

Halafu asubuhi moja shosho hakusimama kupumzisha goti tu. Mkataba wa bintiye ulikuwa umevunjwa kabla ya wakati, chuo kinapunguza watu. Wangeondoka Jumamosi ya wiki iliyofuata. "Nitahitaji kitabu changu," akasema, akanipapasa mkono.

Nilikusanya vipande siku hiyohiyo. Sita vilikuja. Cha nne, chenye ule ukurasa, kilikuwa kwa mlinzi mmoja wa Mombasa aliyekuwa kwenye basi letu, na ambaye alikuwa amehamishiwa ghala moja Sanaiya, kule eneo la viwanda. Kwa simu alinijibu mkato mkato kwamba tuonane. Ijumaa nikapanda basi mpaka huko, vumbi na malori, nikamkuta getini chini ya kibanda cha bati.

Hakuwa nacho. Alikituma nyumbani kwa mkono wa mtu aliyekuwa anasafiri. Mdogo wake wa kike, mwanafunzi wa chuo Nairobi, alikuwa ametoka kwenye maandamano ya vijana akiwa amepigwa na kulala seli siku mbili, na tangu hapo alijifungia chumbani, haongei na mtu. "Nikaona asome habari za wenzake," akaniambia. Msichana akasoma, akaanza kuongea. Kisha akampa rafiki yake, rafiki akampa mwingine. Tulimpigia simu palepale. Hakujua kilipofika. Picha ya ukurasa? Hakuna aliyepiga.

Nilimfokea yule dada wa Mombasa. Nilimfokea mpaka dereva wa lori akageuka kutazama. Dada akanisubiri nimalize, akasema taratibu, "Si ulisema amekupa? Cha mtu nisingekigusa."

Nilikuwa nimesikia tangu utotoni kwamba nguo ya kuazima haisitiri matako, na yangu yalikuwa nje pale Sanaiya, mchana kweupe. Nikamwomba radhi. Jioni nikawaambia chumbani ukweli wote. Mganda hakunigombeza. Alichukua vile vipande sita akaketi chini ya taa akavishona pamoja, akaacha katikati nafasi unayoweza kupitisha kidole. Alipomaliza hakuniita nyabo, na hilo liliniuma kuliko matusi.

Alhamisi nilibadilishana zamu nikaenda West Bay na nguo za nyumbani. Mlinzi haruhusiwi kupanda kwa wapangaji, lakini mgeni anaruhusiwa. Niliandika jina langu kwenye kitabu cha wageni ambacho mimi mwenyewe hukisimamia, mwenzangu akanipa kadi ya lifti akiwa ananikodolea macho.

Shosho alikuwa kati ya maboksi. Alifurahi kuniona, akaondoa blanketi kwenye kiti nikae. Sikukaa. Nilimpa kitabu, na kabla hajakifungua nikamwambia. Kwamba nilidanganya nimepewa. Kwamba wenzangu walikikata kwa sababu hiyo, na nilipokiona nilinyamaza. Kwamba ukurasa wa kaka yake uko Kenya, mikononi mwa watoto nisiowajua, na sitaupata.

Alikifungua katikati. Akapitisha kidole kwenye ile nafasi, juu, chini, juu. Nilitegemea mzee wa mapinduzi atasema neno kubwa la kunisamehe, kwamba kitabu ni cha watu wote. Kwa kweli nilikuwa nimejitayarishia hilo kwenye lifti. Hakusema. Alikasirika. Mama yake, alisema, alifua nguo za watu miaka arobaini. Nyumba yao ilipoungua, alitoka na mfuko ule wa plastiki akaacha viatu. "Na wewe ukakata," akasema. "Ulikuwa na ulimi mdomoni, ukaacha wakakata." Kisha akaniambia niende.

Nikafika mlangoni. Sijui ni kiburi au ni nini, lakini nikageuka. "Mama, naujua."

"Unajua nini?"

"Ule ukurasa. Wote. Nimeusoma sana."

"Basi sema."

Nikajaribu kwa Kiingereza, maneno yakanikimbia, maana sikuwa nimeuhifadhi kwa Kiingereza. Nikamwambia ninao kwa Kiswahili. Akasema Kiswahili, sawa. Nikasimama pale kati ya maboksi, mikono nyuma kama niko lindoni, nikausema tangu mwanzo. Hakuelewa kitu, isipokuwa jina. Lilikuja mara nne, na kila lilipokuja kidevu chake kiliinuka kidogo. Nilipomaliza akasema, sasa kwa Kiingereza, hivyohivyo ulivyosema, usiruke. Nikamtafsiria polepole. Alifika kabla ya wote. Aliwasha majiko. Aliimba akikoroga uji, sauti nene, watoto wakajua kwa wimbo kwamba chakula kiko tayari.

"Ngoja," akasema. "Hiyo haimo."

Haikuwemo kweli. Ilikuwa chumvi yangu. Nilimweleza kwamba wenzangu waliuliza alikuwa mtu wa namna gani, na mimi sikujua, nikampa sauti ya baba yangu anavyoimba akikamua ng'ombe. Nilidhani sasa ndipo atanitupia boksi.

"Hakujua kuimba," akasema. "Kwaya ya kanisa ilimfukuza. Mama alilia kwa aibu." Mdomo wake ukaanza kutikisika, nikadhani ni hasira, kumbe ni kicheko. "Na uji aliuunguza. Kila siku aliuunguza. Watoto walikula wakiangalia dari. Alikuwa anaiba sukari ya nyumbani kwetu kufunika ile ladha, akapigwa kwa ajili ya sukari akiwa na miaka ishirini na mbili, mwanamapinduzi mzima." Alikuwa anacheka na machozi yanashuka. Kaka yake aliogopa mbwa. Alipiga miluzi badala ya kubisha hodi. Alikuwa na shati moja la bluu ambalo shosho alilichoma kwa pasi, kaka akalivaa hivyohivyo mpaka siku waliyomchukua. Shosho aliongea na mimi, kisha akawa haongei tena na mimi, anaongea tu. Bintiye aliingia kutoka jikoni akasimama na kitambaa cha sahani mkononi. Hakuwahi kusikia hata moja ya habari zile.

"Miaka yote hii watu wakiniuliza juu yake nawasomea kitabu," shosho akasema mwishoni. "Nilikuwa nimemsahau. Nilikuwa nakumbuka ukurasa."

Jumamosi nilikuwa zamu. Nilibeba maboksi mawili mpaka kwenye teksi, joto lilikuwa limeshapanda. Alinishika kiganja akaniambia bado amenikasirikia, na nisidhani ataacha upesi. Nikasema ndiyo, mama. Akasema nikimsimulia mtu habari za kaka yake, nitoe kuimba.

Nimetoa. Wasichana wapya wakija kazini, Ijumaa nikipata wasikilizaji, nawaambia jina lake, na kwamba alifika kabla ya wote, akawasha majiko, akaunguza uji. Wengine huuliza kitabu chenyewe kiko wapi wasome. Nawaambia kipo Amerika na kina pengo katikati, na aliyeliweka pengo hilo ni mimi.